Uso wa Fumie

Kamiyachi, Yamagata
20 Septemba 1987

Bwana Kuramochi Eisaku,

Joto limeanza kutuacha huku milimani, na mpunga umeinama tayari kuvunwa. Natumai barua hii itakukuta na afya.

Hunijui. Naitwa Togashi Yone, mjane, mkulima. Nimeliona jina lako kwenye gazeti la mkoa. Wameandika kwamba umeongoza filamu zaidi ya mia mbili, zile za watu wazima, na kwamba umezitengeneza kwa haraka kama mtu anayekaanga mayai. Mwandishi alikuwa anakucheka, niliona. Mimi sikucheka. Nililisoma gazeti lile nimesimama jikoni mpaka sufuria ikaungua.

Nilikuwa na binti, Fumie. Aliondoka hapa mwaka 1970 baada ya kumkatalia baba yake mchumba. Aliniandikia barua moja tu, akaipitisha kwa shangazi yake ili baba asiione. Alisema: "Mama, nimepata kazi kwenye filamu za Mzee Kuramochi. Anapiga kelele sana, lakini kazi ikiisha anatununulia tambi za moto. Usimwambie baba ni filamu za namna gani." Wala mimi sikujua ni za namna gani. Baba yake ndiye aliyejua. Aliikuta barua, akaenda mjini kuuliza, akarudi. Alikusanya picha zote za Fumie, hata ile ya siku ya kwanza ya shule, akazitia kwenye tanuri la kuchemshia maji ya kuoga. Jioni ile tuliogea maji yale. Tangu siku hiyo jina la mtoto halikutajwa ndani ya nyumba yangu.

Februari 1976 Fumie alikufa kwa nimonia huko Tokyo, kwenye chumba cha kupanga. Mdogo wake, Kiyotaka, alikwenda akarudi na majivu.

Mume wangu amefariki majira ya kuchipua ya mwaka huu. Ndiyo maana naweza kukuandikia.

Bwana, mimi sina picha ya mwanangu. Nikifumba macho naona mashavu, naona nywele, naona meno, lakini havikai pamoja. Kila mwaka kinapungua kitu. Ulimjua? Je, katika filamu zako zote hizo, yumo? Kama yumo, nakuomba unipatie picha moja. Usione haya kwa ajili yangu. Hata kama hana nguo, mimi ndiye niliyekuwa namwogesha.

Togashi Yone


Tokyo
4 Oktoba 1987

Mama Togashi,

Shikamoo. Pole kwa msiba wa mume wako, na pole kwa ule mwingine ambao hukuruhusiwa kuulilia.

Nimeisoma barua yako mara mbili. Mara ya kwanza sikumwona. Mara ya pili nikamwona, na tangu hapo yuko mbele yangu. Msichana wa kaskazini, mwembamba, mwenye lafudhi nzito ya kwenu ambayo wenzake walikuwa wakimwiga kumtania. Tulipokuwa tunakwenda kupiga picha nje ya mji, sote tukibanana kwenye gari moja pamoja na taa na magodoro, yeye ndiye aliyekuwa anaimba. Mvua ikinyesha tukakwama, anaimba. Mimi nikifoka, ananiambia, "Mzee, hasira zako hazitalisukuma gari," na watu wote wanacheka. Wasichana wetu hawakutumia majina ya nyumbani, mama. Huyo tulimwita Mari.

Umeuliza kama yumo. Yumo. Lakini kumpata ni kazi. Filamu zetu hazitunzwi. Zinazunguka kwenye majumba madogo ya sinema karibu na vituo vya treni, zinachakaa, zinatupwa. Mimi mwenyewe sijaziona tena. Nikimaliza moja nilikuwa tayari nimeianza nyingine, na mara nyingine nyumba ilikuwa ile ile, kitanda kile kile, na mwanamke ndiye tu amebadilika. Zamani, nilipokuwa msaidizi kwenye kampuni kubwa, nilidhani nitafanya chache na nzuri. Basi.

Nitamtafuta. Nakuahidi.

Kuramochi Eisaku


Kamiyachi
15 Oktoba 1987

Bwana Kuramochi,

Marahaba, mwanangu. Nimekuita mwanangu, nisamehe, gazeti limesema una miaka hamsini na minane na mimi nimekuzidi.

Umesema alikuwa anaimba! Hapa nyumbani Fumie hakuimba hata siku moja. Alikuwa mtoto wa kunyamaza, ukimwita anaitika kwa macho. Nimekaa na jambo hili siku kadhaa, nikaona linaeleweka. Nyumba hii ilikuwa na baba yake. Nani angeimba? Kumbe alikwenda huko akafunguka. Nimelia, lakini si kilio kibaya.

Niambie mengine. Alikuwa anakula vizuri? Alikuwa na rafiki? Akiwa mdogo hakupenda mayai ya samaki, je, alizoea? Sauti yake iko kwenye filamu?

Nimekuwekea mchele mpya kwenye kifurushi hiki, na figili za kuvundika. Usizile bila kuosha, nina mkono mzito wa chumvi.

Yone


Tokyo
18 Novemba 1987

Mama,

Figili zimekwisha. Ni kweli una mkono wa chumvi. Jirani yangu wa chini, mwenye duka la kufulia nguo, alikuja kuuliza kinachonukia ni nini, ikabidi nimgawie.

Sikukuandikia mapema kwa sababu sikutaka kukuandikia mikono mitupu. Nilikwenda ghala la kampuni. Karani akanitazama kama nimekuja kuomba mvua. "Mzee Kuramochi, filamu zako? Zile za zamani tuliziyeyusha, tukachota madini ya fedha yaliyomo. Hukuambiwa?" Nikamwambia sikuambiwa. Akasema, "Basi furahi. Hiyo ndiyo mara pekee zilipotoa kitu cha thamani." Si kijana mbaya. Alinipa chai.

Nikaanza kuzunguka kwenye majumba ya sinema. Mengi yamefungwa, watu sasa wanakodi kanda za video, wanatazama nyumbani kwao wamefunga mlango. Mjini Kawagoe nikampata bibi mmoja ambaye jumba lake linafungwa mwezi ujao. Akanifungulia stoo. Mle, mama, chini ya mabango yaliyooza, kulikuwa na filamu yangu moja ya mwaka 1973. Tukaitazama wawili, mimi na bibi yule, tumekaa na makoti.

Naye yumo. Yumo kidogo tu. Anakaa dirishani, amevaa kimono ya pamba ya kulalia, anamenya tunda, mtu nje ya picha anamwambia kitu naye anacheka. Lazima nikueleze kwa nini picha yake haina rangi. Siku zile rangi ilikuwa ghali, kwa hiyo tulipiga picha kwa nyeusi na nyeupe, na rangi tukaiweka pale tu nguo zinapovuliwa. Yeye hapo anacheka tu, basi hakupewa rangi. Sauti inayosikika kwenye filamu si yake. Sauti tulikuwa tunazitia baadaye, mtu yeyote aliyekuwapo.

Nimekata kipande kile nikakipeleka kwa mpiga picha akakisafisha na kukikuza. Picha ni hii hapa. Usihofu kuifungua mbele ya watu.

Eisaku


Kamiyachi
27 Novemba 1987

Ndiye.

Nilifungua bahasha nikiwa na majirani wawili waliokuja kunisaidia kuning'iniza figili. Nikasema, "Ndiye huyu. Ndiye Fumie wangu." Wao hawakumjua vizuri, wameolewa huku baadaye, wakasema, "Mzuri!" Mashavu, nywele, meno, vyote vimerudi mahali pake. Nilikuwa nimesahau kwamba akicheka jicho moja linatangulia kufumba. Nimekumbuka sasa.

Nimemweka kwenye kimadhabahu cha wafu wetu hapa nyumbani, pembeni ya picha ya baba yake. Nimemwambia baba yake: Sogea. Kila asubuhi nampa wali wa kwanza wa chungu na chai. Theluji imeanza, sitoki, nakaa naye.

Bwana Kuramochi, watu wanaocheka kazi yako hawajui. Kama usingeitengeneza filamu ile, mwanangu angekuwa hayupo.

Yone


Tokyo
26 Desemba 1987

Hatanaka, ndugu yangu,

Bado upo, au samaki wa Chiba wamekula wewe badala ya wewe kuwala wao?

Mimi nipo. Kampuni inataka nianze kupiga kwa kamera za video, filamu nzima kwa siku mbili, taa moja. Nilimwambia meneja kwamba Hatanaka angejitia kitanzi. Akasema, "Hatanaka ni nani?" Umenishikia kamera nusu ya maisha yangu, na huyo ndiye meneja wetu.

Sikuandikii kulalamika. Nimefanya jambo jema, na nina hamu ya kumwambia mtu. Unamkumbuka Mari, yule msichana wa kaskazini, mwimbaji wetu wa kwenye gari? Jina lake halisi lilikuwa Togashi Fumie. Alifariki mwaka 1976, masikini, na sisi hatukujua. Mama yake ameniandikia. Nimempatia picha ya mwanawe kutoka filamu yetu ya 1973 niliyoikuta Kawagoe, ile ya dirishani. Yule mama amenijibu barua ambayo, nikifa, naomba unizike nayo. Katika miaka yote hii ni mara ya kwanza filamu yangu kumfaa mtu.

Anauliza kama binti alikuwa na rafiki. Wewe ulikuwa unakula nao. Nani alikuwa karibu naye?

Kuramochi


Katsuura, Chiba
12 Januari 1988

Kuramochi, mzee wa magodoro,

Heri ya mwaka mpya. Nipo, mgongo haupo.

Nimekaa na barua yako wiki nzima, mke wangu akaniuliza nani kafa. Sijui nikuandikieje, kwa hiyo naandika wazi. Mari hakufa. Mari ni mtu wa Akita, jina lake halisi Sumiko. Aliolewa mwaka 1977, ana duka la majani ya chai Shimada, mkoa wa Shizuoka. Mke wangu hununua kwake kila mwaka. Mwaka jana tu alinitumia pakiti ya ziada.

Togashi Fumie alikuwa mtu mwingine. Mshonaji. Yule aliyekaa nyuma ya pazia la mavazi, na pini mdomoni. Miaka miwili au mitatu alikuwa nasi. Ulikuwa unampita kila asubuhi ukipiga kelele "Mkanda wa kimono uko wapi!" na mkanda ulikuwa unakujia mkononi. Ule mkono ulikuwa wake. Hakuimba. Sidhani nilisikia sauti yake zaidi ya "ndiyo" na "tayari". Mbele ya kamera alikuja mara moja tu, tena si yeye, ni mikono yake. Kulikuwa na tukio la mke anashona akimsubiri mume, na yule mwigizaji hakuweza hata kutia uzi kwenye sindano, ukatukana, halafu ukasema, "Leteni mikono ya mtu yeyote." Nikaisogelea mikono ile mpaka ikajaza picha nzima. Ilikuwa mikono mizuri. Filamu hiyo kampuni imeiyeyusha, nina hakika, nilikuwa nimeomba nakala.

Najua unachotaka kuniuliza: umwambie au usimwambie. Usiniulize. Kama ungekaa kimya tangu mwanzo ingekuwa nafuu. Sasa umeshatia mguu. Lakini mwanamke yule anamwombea mtu aliye hai, Kuramochi. Anampa wali wa wafu mtu anayeuza chai.

Hatanaka Sōji


Kamiyachi
21 Januari 1988

Bwana Kuramochi,

Theluji imefika dirisha la juu, tunatokea ghorofani. Mwanangu, uko salama? Tangu mwaka mpya sijakusikia.

Nakupa habari njema. Tarehe kumi na moja ya mwezi ujao tutamfanyia Fumie ibada ya mwaka wa kumi na tatu, ukihesabu na ule aliokufa. Zile nyingine zote hazikufanywa, baba yake alikataa. Mtawa wa hekalu amekubali kuja hata kwa theluji hii. Nimewaita ndugu wa pande zote mbili, hata wale waliokuwa wakishusha sauti wakipita hapa. Picha nimeipeleka mjini ikuzwe na kutiwa fremu nyeusi. Nataka waikute ukutani, waitazame, washindwe pa kuangalia.

Kiyotaka anakuja kutoka Sendai na mkewe. Alikuwa darasa la sita dada yake alipoondoka. Sijamwambia kitu kuhusu picha. Nataka aingie amwone.

Ningekuomba uje, lakini barabara zetu hazifai kwa mtu wa Tokyo. Utakuwepo hata hivyo. Nitalitaja jina lako mbele ya mtawa.

Yone


Tokyo
8 Februari 1988

Mama,

Barua hii nimeianza mara nyingi. Nilipiga simu posta ya kwenu kuuliza kama kuna simu kijijini, wakasema iko kwa mwenyekiti wa kijiji. Nilikuwa na namba yake mkononi. Sikupiga. Sikutaka uambiwe neno hili ukiwa umesimama ukumbini kwa mtu, umeshika simu.

Ile picha si ya Fumie.

Msichana aliye kwenye picha ni mwingine, wa Akita, yuko hai. Nimejua hili kwa rafiki yangu aliyekuwa mpiga picha wangu. Sikukudanganya kwa makusudi. Niliposoma barua yako nilimtafuta mwanao kichwani, nikakuta msichana, nikamkamata. Nilitaka sana awe yeye. Wewe uliniomba mtu, na mimi nilikuwa sijaombwa kitu na mtu yeyote kwa miaka mingi, isipokuwa kumaliza haraka. Halafu ukasema ndiye, nikaamini kuliko mwanzo. Nani angemjua mwanao kuliko wewe?

Fumie alikuwa mshonaji wetu. Mavazi yote ya miaka ile yalipita mikononi mwake. Rafiki yangu anasema alikuwa mtu wa kunyamaza, kama ulivyosema wewe. Aliwahi kupigwa picha mara moja, mikono tu, akishona. Filamu hiyo haipo tena. Nimeuliza kila mahali. Haipo.

Mimi mwenyewe simkumbuki, mama. Nimekaa macho nikijaribu. Nauona mkono ukininyooshea mkanda, na sijui kama nauona kweli au ni kwa sababu nimeambiwa.

Usiitundike picha ile mbele ya ndugu. Kama barua hii imefika kwa wakati, iteremshe.

Kuramochi Eisaku


Kamiyachi
1 Machi 1988

Bwana Kuramochi,

Barua yako ilifika tarehe kumi na mbili. Treni zilikuwa zimesimama kwa theluji. Ungeipeleka wiki moja kabla ingefika. Lakini hukuipeleka.

Nitakueleza yaliyotokea, kwa sababu nataka uyajue. Wageni waliingia, wakaitazama picha, wakainamisha vichwa. Shangazi yake, yule yule aliyenipitishia barua, akaitazama sana, kisha akanitazama mimi. Kiyotaka akaja mwisho, theluji mabegani. Akasimama.

"Mama, huyu nani?"

Nikamwambia, "Dada yako. Umemsahau?"

"Huyu si dada."

"Ulikuwa mtoto."

"Nilikuwa mtoto, lakini mimi ndiye niliyekwenda Tokyo, mama. Mimi ndiye niliyemvalisha kabla hajachomwa. Huyu si dada. Huyu umempata wapi?"

Nikamwambia nimempata kwa mtu aliyemthamini kuliko wao wote. Akaniuliza nani, nikamtajia wewe. Akacheka, Bwana, mbele ya mtawa. Akasema, "Yule mzee wa filamu chafu amekuuzia malaya asiyemjua, na wewe umemweka kwa baba." Nikampiga kofi. Mtu mzima, baba wa watoto. Nikamwambia kama hamtambui dada yake basi hana dada wala mama, atoke. Mkewe akalia, akamshika mkono, wakatoka. Ibada ikaendelea. Nililitaja jina lako.

Kesho yake barua yako ikaja.

Nimekuwa nikijiuliza kwa nini sikukasirika. Ningekasirika ningepona. Lakini wewe ulimpita mwanangu kila asubuhi ukiwa na mambo mengi, ukamsahau. Mimi nilimzaa, nikamnyonyesha, nikapewa uso wa mtoto wa mtu mwingine, nikasema ndiye. Nikakumbuka hadi jicho linavyofumba. Jicho hilo nimelitoa wapi? Sasa hata kile kidogo nilichokuwa nacho kimefutika. Nikifumba macho anakuja yule wa dirishani, anacheka. Huyo ndiye anayekuja. Fumie haji.

Mikono ningeitambua. Mimi ndiye niliyemfundisha kushona. Hiyo ungeniletea, nisingekosea.

Nimemwandikia Kiyotaka. Barua imerudi haijafunguliwa.

Nina ombi moja. Yule binti wa Akita nimempa wali na uvumba kama maiti, tangu Novemba. Hajanikosea kitu. Nenda ukamwombe radhi kwa niaba yangu, na umwambie nimekwenda hekaluni kumwondolea mkosi. Ukishafanya hivyo niandikie. Baada ya hapo, usiniandikie tena.

Togashi Yone


Tokyo
10 Aprili 1988

Mama Togashi,

Nilikwenda Shimada wiki iliyopita.

Duka ni dogo, safi, lina harufu ya chai ya kukaangwa. Yeye ndiye aliyekuwa nyuma ya meza. Amenenepa kidogo. Nilimtambua kabla sijafika mlangoni, nikaona jinsi ilivyo rahisi kumtambua mtu unayemkumbuka kweli. Mumewe alikuwa anapanga makopo. Nikasema, "Habari za siku nyingi." Akanitazama, na niliona amenijua, uso ulimpauka.

"Karibu, baba. Ungependa chai gani?"

"Mimi ni Kuramochi. Zamani tulifanya kazi—"

"Umenifananisha, baba."

Mumewe akageuka. "Vipi, Sumiko?"

"Mzee amenifananisha na mtu," akasema. "Ametoka mbali, masikini. Mpe kikombe cha chai."

Nikanywa chai ile, na mumewe, mtu mkarimu, akaniuliza kama nimekuja kuona maua. Nikasema ndiyo. Sumiko alikuwa ananifungia pakiti. Nilipotoka alinifuata mpaka barabarani na chenji ambayo haikuwa yangu, akaniambia kwa sauti ya chini, kwa lafudhi ile ya kaskazini, "Mzee, kama umewahi kunipenda hata kidogo, usije tena." Sikupata nafasi ya kusema ombi lako. Ningelisema, ningemvunjia nyumba. Kwa hiyo sijafikisha, mama. Hilo nalo nimelishindwa.

Ulisema nikishafanya ndipo nikuandikie. Sijafanya, nami nimeandika. Nisamehe, ni mara ya mwisho.

Jana nilianza kupiga ile filamu ya video. Hatuna pazia la mavazi tena, wasichana wanakuja na nguo zao kwenye mfuko wa plastiki. Wa jana ni mtoto wa miaka ishirini hivi, jina la kazi amepewa na meneja asubuhi ile ile. Alikaa ukingoni mwa kitanda akisubiri taa, anatafuna kucha. Nikaenda nikachuchumaa mbele yake. Wafanyakazi wakageuka kutazama, hawajawahi kuniona nikifanya hivyo. Nikamwambia, "Binti, jina lako la nyumbani ni nani? Kwenu wapi?"

Akacheka kwanza, akidhani namtania. Nikamwuliza tena. Nikamwambia nataka tu kumkumbuka. Hapo uso wake ukabadilika, akanishika mkono wa shati kwa mikono yote miwili.

"Mzee," akasema, "nakuomba. Usimwandikie mama yangu."

Nikasimama. Taa zilikuwa tayari. Tukaanza.

Kuramochi Eisaku